Bisi za kambini zafichua pengo katika elimu yetu

Yapo madai ambayo yamerudiwa mara nyingi hivi kwamba hata baadhi ya walimu wa Kiswahili wameanza kuyasadiki. Hudaiwa kwamba Kiswahili ni lugha tamu ya ushairi, siasa na utani wa sokoni, lakini pindi mtu anapotaka kueleza jambo la kisayansi, sharti akimbilie Kiingereza. Katika makala haya nakusudia kuyapima madai hayo kwa kitu kidogo ambacho kila mwanafunzi anakijua, nacho ni bisi. Sizungumzii zile zinazouzwa mijini zikiwa zimefungwa kwenye mifuko. Nazungumzia zile zinazokaangwa kwa moto wa kuni, usiku, kambini.

Huenda mwanafunzi akauliza bisi ni nini. Ni yale mahindi ambayo yakipata moto hupasuka yakawa meupe na mepesi kama pamba, ambayo huku bara tumezoea kuyaita popukoni. Neno bisi limo katika kamusi zetu tangu enzi za ukoloni. Kisarufi limo katika ngeli ya I-ZI, kwa hivyo twasema bisi hii imeungua, bisi hizi zimeungua.

Simlaumu anayesema popukoni. Kila lugha hukopa. Neno meza tulilipata kwa Wareno na kitabu kwa Waarabu, na leo hakuna anayeyaona kuwa mageni. Hata jina mahindi lina kisa chake: linatuelekeza Uhindini, ilhali mmea wenyewe ulianza kulimwa kusini mwa Mexico yapata miaka 9,000 iliyopita, na ukatufikia sisi baada ya Wareno kuanza safari zao za baharini. Lakini kukopa neno ambalo tayari tunalo ni sawa na kwenda kuomba chumvi kwa jirani ilhali kikopo chako kimejaa.

Gilgil ni mahali panapofaa sana kwa jaribio letu. Mji huo ulio kati ya Naivasha na Nakuru uko kwenye mwinuko wa takriban mita 2,000 juu ya usawa wa bahari. Karibu nao kuna Ziwa Elementaita, ambalo pamoja na Ziwa Nakuru na Ziwa Bogoria liliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka wa 2011. Kuna pia Kariandusi, ambako Louis Leakey alifukua mashoka ya mawe yaliyochongwa na watu wa kale. Wanafunzi na skauti hupiga kambi katika sehemu hizo. Mchana hutazama heroe na mwari ziwani, na usiku huota moto, kwa kuwa baridi ya huko haina huruma. Nimeandamana na vikundi kama hivyo mara kadhaa, na nimesadiki kwamba darasa bora la lugha ni lile lililozunguka mafiga matatu.

Tazama vitenzi peke yake. Moto hukokwa, hupulizwa na kuchochewa. Sufuria huinjikwa, au hutelekwa kama wasemavyo wengine, kisha huipuliwa. Mwanafunzi anayekutana na injika na ipua katika orodha ya vinyume huvikariri kwa ajili ya mtihani, na mtihani ukiisha huvisahau. Lakini aliyepigiwa kelele, "Ipua hiyo sufuria, bisi zinaungua!" hatakisahau kitenzi hicho maishani. Vivyo hivyo, wahenga walisema kwamba figa moja haliinjiki chungu. Methali hiyo ni fumbo tupu kwa mtoto aliyelelewa na jiko la gesi, hadi siku atakapojaribu kuisimamisha sufuria juu ya jiwe moja.

Ufundi wenyewe wa kukaanga bisi kambini una kanuni zake. Kwanza, hazikaangwi kwa miali bali kwa makaa. Miali hulamba sufuria upande mmoja, ikaunguza mafuta kabla ya punje kupata joto la kutosha. Kuni za leleshwa, kile kichaka cha majani ya kijivu kinachonukia kama kafuri na ambacho kimetapakaa Gilgil, hutoa makaa mazuri yanayokaa na moto; lakini afadhali kununua kuni kwa wenyeji kuliko kuvamia vichaka vya watu na kuvikata. Pili, sufuria na iwe nzito, na ipakwe sabuni kwa nje ili masizi yasigande. Tatu, tia mafuta kiasi cha kufunika kitako cha sufuria, kisha tumbukiza punje tatu tu. Zikipasuka, mafuta yamekuwa tayari. Hapo utamwaga punje nyingine, safu moja isiyopandana, ufunike, uache upenyo mdogo wa kutolea mvuke, na uanze kutikisa bila kukoma.

Sasa tega sikio. Mahindi huanza kualika moja moja, pu, kisha pu-pu, halafu hulia kwa pamoja kama mvua ya mawe juu ya bati. Hapo ndipo mwalimu wa Kiswahili angefundisha tanakali za sauti bila kitabu. Mlio ukipungua, ukaweza kuhesabu moja, mbili kati ya punje na punje, ipua mara moja. Chumvi hutiwa mwishoni. Na ikitokea mafuta yakashika moto, zima kwa kufunika sufuria. Usiyamwagie maji kamwe, maana yatarusha moto huo usoni mwako.

Ni katika kambi mojawapo ya hizo ndipo niliposhuhudia jambo lililonichochea kuandika makala haya. Mpishi wetu alikuwa mama mmoja mkulima, mwenyeji wa huko Gilgil. Aliishika sufuria kwa ustadi ambao hakuna yeyote miongoni mwetu aliyeukaribia. Bisi zilipoanza kuruka, alimgeukia msichana mmoja wa Gredi ya Nane aliyekuwa amejifunika gubigubi kwa blanketi kando yake.

"Mwanangu, nyinyi ndio mnaosoma," akamwambia. "Hebu nieleze. Kwa nini mahindi haya hupasuka hivi, na haya ninayolima mimi nikiyakaanga hubaki magumu?"

Msichana alifikiri kidogo. "Mama, sababu naijua, tulifundishwa," akajibu. "Ila siwezi kuisema kwa Kiswahili."

Akajaribu kwa Kiingereza, na walimu wake wakatikisa vichwa kwa kuridhika. Alikuwa ameeleza barabara. Mama naye alitabasamu kwa adabu, akaendelea kutikisa sufuria yake. Swali lilikuwa lake, jibu lilikuwa limetamkwa mbele yake, na bado hakulipata.

Je, jibu lile haliwezi kusemwa kwa Kiswahili? Hebu tujaribu. Punje ya mahindi ya bisi ina ganda gumu, na ndani yake mna wanga uliobanana pamoja na maji kidogo, takriban asilimia 14 ya uzito wake. Punje ikipata moto, maji hayo hutaka kugeuka kuwa mvuke, lakini ganda halina upenyo wa kuutoa. Shinikizo hupanda, na wanga hulainika ukawa kama uji mzito. Joto likifika karibu nyuzi 180, shinikizo la ndani huwa limefika takriban mara tisa ya lile la hewa inayotuzunguka, na ganda hushindwa kustahimili. Linapopasuka, mvuke hutanuka ghafla, wanga hufura kama povu, kisha hupoa na kuganda papo hapo. Hiyo ndiyo bisi. Mahindi tunayosagia unga wa ugali yana wanga laini zaidi, na ganda lake huvujisha mvuke mapema. Kwa hiyo hukaukia motoni na kupasuka nyufa tu, yasifure.

Kutokana na maelezo hayo, mama yule angeweza kujijibia maswali mengine mawili. La kwanza ni kwa nini mahindi ya bisi yaliyokaa muda mrefu wazi hugoma. Jibu ni kwamba yamepoteza unyevu. Yatiwe kwenye chupa pamoja na maji kidogo, yafunikwe na kutikiswa, yakae siku chache. La pili ni kwa nini huko Gilgil maharagwe huchelewa kuiva ilhali bisi hazichelewi. Kwenye mwinuko ule maji huchemka kwenye nyuzi 93 hivi, kwa hiyo maharagwe hayapati joto ambayo yangelipata Mombasa. Bisi hazichemshwi kwa maji. Mafuta hupanda joto kupita kiwango hicho bila kujali mwinuko.

Nimeeleza hayo yote bila kukopa istilahi hata moja ya Kiingereza. Ganda, wanga, unyevu, mvuke, shinikizo na kutanuka ni maneno ya kawaida. Wenzetu wa Tanzania hata wana istilahi ya kanieneo kwa kile nilichokiita shinikizo. Shule za msingi za umma nchini humo zimefundisha sayansi kwa Kiswahili tangu 1967. Basi tatizo haliko katika lugha. Liko katika mazoea yetu ya kugawa kazi: Kiingereza kimepewa kazi ya kueleza ulimwengu, na Kiswahili kikaachiwa insha, methali na salamu.

Najua watakaonipinga wana hoja. Watasema kwamba mtihani wa sayansi umeandikwa kwa Kiingereza, kwamba vitabu vya chuo kikuu ni vya Kiingereza, na kwamba mzazi hamlipii mtoto karo ili arudi na lugha aliyoondoka nayo nyumbani. Sizipuuzi hoja hizo, wala sisemi Kiingereza kitupwe. Ninachosema ni kwamba maarifa yanayoweza kutamkwa kwa lugha moja tu, tena ile isiyosemwa na mama wala jirani, hayajakamilika. Mwanafunzi anayeshindwa kumweleza mkulima jambo kuhusu mahindi atamwelezaje kesho kuhusu sumu inayoletwa na ukungu ghalani? Daktari atamwelezaje mgonjwa kuhusu shinikizo la damu? Katiba yetu ya 2010 ilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa, na pia lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Lugha rasmi isiyoweza kujibu swali la jikoni ni rasmi kwa jina tu.

Fauka ya hayo, kueleza jambo kwa lugha ya pili ni kipimo cha kama umelielewa. Mwanafunzi anaweza kukariri sentensi ya kitabu cha Kiingereza bila kujua inasema nini. Akitakiwa kuisema upya kwa Kiswahili, hawezi kujificha nyuma ya maneno ya kitabu. Ni lazima aione punje, auone mvuke, kisha atafute neno. Kwa hiyo hata mwalimu wa sayansi, ambaye hashughuliki na Kiswahili, ana faida hapo.

Pendekezo langu ni dogo na halihitaji waraka wa wizara. Mtaala wa umilisi, ulioanza kutekelezwa kote nchini mwaka wa 2019, unawataka wanafunzi wajifunze kwa kutenda. Basi wanapopelekwa kambini, au hata wanapokaanga bisi nyuma ya jiko la shule, mwalimu wa sayansi na yule wa Kiswahili wakae nao pamoja. Mmoja aulize kwa nini, mwingine aulize tunasemaje. Kisha kila mwanafunzi apewe kazi ya nyumbani isiyo ya kuandika: akamweleze mtu mzima wa kwao, kwa Kiswahili au kwa lugha ya mama, kilichoifanya punje iruke. Asahihishwe na msikilizaji wake. Huyo akielewa, mwanafunzi amefaulu.

Walimu wenzangu, mara nyingi tumelalamika kwamba wanafunzi hawakipendi Kiswahili. Huenda hawakipendi kwa sababu tumewaonyesha kikiwa kimelala kitabuni, hakina kazi. Tukipe kazi. Tukiinjike motoni pamoja na sufuria, tuone kama hakitafura.