Mtu wa Sinema Zaidi ya Mia

Ndugu msomaji, labda umekwisha kuona sinema kijijini kwako, kitambaa cheupe kimetundikwa na watu wamekaa chini. Je, umepata kujiuliza nani huwaambia wachezaji wasimame wapi na waseme nini? Leo tutamtazama mmoja wa mafundi hao, Bwana Atıf Yılmaz wa Uturuki, ambaye sinema zake ni zaidi ya 100.

Alizaliwa mwaka 1925 huko Mersin, mji wa bandari upande wa kusini. Alianza kusomea sheria Istanbul, akaiacha, akaenda kujifunza uchoraji. Sinema yake ya kwanza ilitoka mwaka 1951.

Usidhani wingi huo ni bidii yake tu. Biashara yenyewe ilikwenda mbio. Makampuni ya sinema yalijazana katika mtaa mmoja wa Istanbul uitwao Yeşilçam, na mwaka 1972 yalitoa sinema karibu 300. Wafanya biashara wa mikoani walitoa fedha kabla picha haijapigwa, na mwenye fedha ndiye aliyechagua: nataka mchezaji fulani, nataka kisa cha kuliza watu. Picha zilipigwa bila sauti. Maneno yalitiwa baadaye, na mara nyingi aliyesema siye uliyemwona. Kazi ya namna hiyo huzaa makapi mengi, na Bwana Atıf naye alitoa yake.

Lakini katika makapi hayo mlikuwa na ngano safi. Mwaka 1978 alitoa kichekesho kiitwacho Kibar Feyzo. Kijana maskini, Feyzo, anarudi kutoka jeshini akitaka kumwoa Gülo. Mwenzake Bilo amtaka binti huyo huyo. Basi mahari inapandishwa kama ng'ombe mnadani, huyu akitaja hiki, yule akizidisha. Feyzo anaoa kwa deni, kisha inambidi kwenda mjini kutafuta kazi ili alipe. Watu walicheka sana, na nadhani wazazi wengi walichekea mambo ya nyumbani kwao.

Miaka hiyohiyo biashara ilianza kuoza. Televisheni iliwaweka watu nyumbani, na makampuni mengi yakageukia picha za uchafu. Akina mama na watoto wakaacha kwenda sinema. Bwana Atıf aliendelea. Baada ya 1980 alitengeneza picha nyingi juu ya maisha ya wanawake, baadhi si za kuonyesha watoto. Alifariki Istanbul mwaka 2006.

Hata hivyo picha yake wanayoipenda Waturuki kuliko zote ni ya miaka ya 1970, Selvi Boylum Al Yazmalım. Jina hilo lamtaja mwanamke mwenye kimo cha mberoshi na kitambaa chekundu kichwani. Kisa chatoka katika hadithi ya Chingiz Aitmatov, mwandishi wa Kirigizi.

Asya, binti wa kijijini, ampenda İlyas, dereva wa lori. Wanatoroka, wanaoana, wanapata mtoto wa kiume, Samet. Kisha İlyas anaharibikiwa kazini, anaanza ulevi, anakwenda kwa mwanamke mwingine. Asya anambeba mtoto na kuondoka. Anayewapokea ni Cemşit, mtu mzima wa kazi za barabara, asiye na maneno mengi. Awapa chakula na paa, amlea mtoto. Miaka yapita. Usiku mmoja Cemşit anamleta nyumbani mtu aliyeumia katika ajali ya lori, asijue ni nani. Ni İlyas.

Hapo ndipo msomaji nawe ungekaa kimya. Asya bado ampenda mume wake wa kwanza. Picha haifichi neno hilo. İlyas ametubu, na damu ya mtoto ni yake. Lakini ni nani aliyekesha mtoto alipougua? Nani aliyemfundisha kutembea na kusema?

Asya anasimama kati ya watu wawili. Mtoto yeye hana shaka lolote: anamwita Cemşit baba, na kumkimbilia.