Mimba Iliyoharibika, Mimba Iliyotolewa: Neno Moja la Faili na Gharama Yake Kyela

Mwanamke akifikishwa hospitalini akitokwa damu katika mwezi wa tatu wa ujauzito, iwe Kyela mjini, Ipinda au Matema kwenye ufukwe wa Ziwa Nyasa, jambo linalomsibu litaandikwa kwenye faili lake kwa Kiingereza, na neno litakaloandikwa ni abosheni. Litaandikwa hivyo hata kama mimba ile aliiomba kwa miaka. Katika lugha ya madaktari neno hilo halisemi lolote kuhusu nia ya mtu. Lina maana ya mimba yoyote iliyokoma kabla mtoto hajafikia umri wa kuweza kuishi nje ya tumbo la mama, umri ambao Tanzania imezoea kuuhesabu kuwa wiki 28, wakati Shirika la Afya Duniani huhesabu wiki 22. Daktari huongeza kivumishi mbele yake: inayotishia, isiyokamilika, iliyokamilika, iliyoingia vijidudu, iliyotokea yenyewe. Kwake kivumishi ndicho chenye habari. Kwa mume aliyeshika faili dirishani, kwa dada wa mgonjwa aliyesoma hadi kidato cha nne, kwa jirani aliyesikia wauguzi wakikabidhiana zamu, kivumishi hakisikiki. Wanachosikia ni kwamba ametoa mimba.

Hoja yangu ni kwamba mkanganyiko huu tumeuazima kutoka nje, na Kiswahili kilikuwa na dawa yake tangu mwanzo. Tazama vitenzi vyetu. Tuna kutoa mimba na mimba kutoka, kuharibu mimba na mimba kuharibika, kuporomosha mimba na mimba kuporomoka. Waandishi wa magazeti ya mitaani wana kuchoropoa, na hicho nacho kina mwenzake, kuchoropoka. Kila jozi ina upande wenye mtendaji na upande usio na mtendaji. Ukisema mimba imeharibika, umeeleza lililotokea bila kumtaja mtu yeyote kuwa chanzo chake. Ukisema ameiharibu, umeshitaki. Msemaji wa Kiswahili hawezi kuzungumzia jambo hili kwa kitenzi bila kuamua kama anamshitaki mtu au hamshitaki, na uamuzi huo umo ndani ya silabi moja au mbili tu mwishoni mwa neno. Nomino ya Kiingereza haimlazimishi kuamua. Ndiyo maana inamfaa daktari, na ndiyo maana inamdhuru mgonjwa mara tu inapotoka mdomoni mwa daktari na kuingia kijijini.

Waingereza wenyewe wamewahi kulikabili tatizo hili. Kwa karne nyingi neno hilo la asili ya Kilatini lilitumika kwa mimba iliyotoka yenyewe na iliyotolewa, bila kubagua. Mwaka 1985 jarida la kitabibu la Lancet lilichapisha barua ya daktari Richard Beard na wenzake, wakiwasihi madaktari waache kuwaandikia neno hilo wanawake waliopoteza mimba wasizotaka kuzipoteza, na watumie neno jingine la kila siku, miscarriage, ambalo akina mama walikuwa wakilitumia tayari. Madaktari wa huko walibadilika taratibu, na leo tofauti hiyo imekuwa kawaida yao. Upande wa pili wa Atlantiki, mabishano ya kisiasa yalizaa maneno ya kurushiana. Wapinzani wa utoaji mimba Marekani waliunda neno abortuary kwa kulipachika neno la utoaji mimba kwenye neno la chumba cha maiti, ili kila anayeitaja kliniki awe ameihukumu kabla ya kufunga mdomo. Liko pia neno adimu aborticide, linalofuata muundo wa maneno ya mauaji, na ambalo hutumika kwa maana mbili, kitendo chenyewe na dawa inayokisababisha. Maneno ya aina hiyo hayajaingia katika usemi wa kawaida hata kwa Waingereza. Nayataja kwa sababu yanaonyesha jinsi nomino inavyoweza kubeba hukumu nzima bila kuthibitisha kitu.

Kyela ina sababu zake za kulitilia jambo hili uzito. Ni bonde la joto na mvua nyingi, lenye mashamba ya mpunga yanayosimamisha maji na mito inayofurika masika kabla ya kumwaga ziwani. Malaria imekaa hapo siku zote, na malaria ni miongoni mwa sababu zinazojulikana za mimba kuharibika. Hata pasipo malaria, kati ya mimba 100 zilizokwisha kutambuliwa, kiasi cha 10 hadi 20 hutoka zenyewe, na karibu nusu ya zile za miezi mitatu ya kwanza hutokana na hitilafu katika kromosomu za kiinitete, jambo ambalo hakuna mama aliyelisababisha na hakuna mganga ambaye angelizuia. Kwa hiyo katika kila kata ya wilaya, kila mwaka, wako wanawake wanaofika kituoni na dalili zilezile za yule aliyemeza vidonge kwa siri: damu, maumivu ya kiuno, homa, hofu. Kwa macho ya mpita njia hawatofautiani, na mara nyingi hata kwa macho ya mkunga.

Wengine, bila shaka, wametoa. Utafiti wa kitaifa kuhusu mwaka 2013 ulikadiria kuwa Tanzania ilikuwa na utoaji mimba wapatao 405,000 kwa mwaka, sawa na 36 kwa kila wanawake 1,000 wenye umri wa miaka 15 hadi 49, na kwamba wanawake 66,600 hivi walitibiwa katika vituo kutokana na madhara yake. Maana yake ni kwamba kwa kila mwanamke mmoja aliyetibiwa, wengine kadhaa walitoa mimba bila kupata huduma. Baadhi ya hao hawakuhitaji huduma. Wengine waliihitaji na hawakwenda. Sioni namna ya kuwaeleza hao wa mwisho bila kuutaja woga wa kuitwa, mbele ya watu, kwa jina la kosa.

Na hapa sheria ina jambo la kutufundisha, japo ni sheria kali. Kanuni ya Adhabu, iliyotungwa mwaka 1930 wakati wa utawala wa Mwingereza kwa kufuata maneno ya sheria ya Uingereza ya 1861, inaweka kifungo cha miaka 14 kwa anayetenda kitendo kwa nia ya kumharibia mwanamke mimba, miaka 7 kwa mwanamke mwenyewe, na miaka 3 kwa anayempatia dawa au chombo huku akijua kitatumika kwa kazi hiyo. Vifungu hivyo, 150 hadi 152 katika hesabu iliyozoeleka, vinasimama juu ya mambo matatu: kitendo, nia, na kwamba kitendo kilikuwa kinyume cha sheria. Kifungu cha 230 kinamlinda tabibu aliyefanya upasuaji kwa nia njema na uangalifu ili kuokoa maisha ya mama. Ng'ambo ya mto Songwe, sheria ya Malawi imerithi maneno yaleyale na miaka ileile, kwa kuwa mtunzi wa asili alikuwa mmoja. Hata sheria hiyo ya kikoloni, ambayo hakuna atakayeisema ni laini, haimwiti mtu mtoa mimba kwa sababu tu mimba haipo tena. Inadai ushahidi wa kitendo na wa nia. Faili lenye neno abosheni, likisomwa na asiye tabibu, halidai chochote.

Mtu wa Kyela hahitaji kufundishwa kwamba neno lina uzito. Wanyakyusa wana usemi uitwao ingamwana, ambao kwa huo mwanamke aliyeolewa huepuka kutamka jina la baba mkwe wake na hata maneno ya kawaida yanayofanana nalo kwa sauti, na badala yake hutumia maneno mengine ambayo wenzake wanayaelewa. Mwanaanthropolojia Monica Wilson, aliyeishi na Wanyakyusa katika miaka ya 1930 na kuchapisha Good Company mwaka 1951, alieleza imani kwamba manung'uniko ya wanakijiji yanaweza kumwangukia mkosaji yakawa ugonjwa. Sitaki kudai kwamba kila familia ya Ngonga au Ipinda leo inaamini hivyo. Makanisa ya Moravian na Kilutheri yamekuwapo Unyakyusa tangu mwaka 1891, na shule zimefika. Lakini pale ambapo msiba wa mwili umezoea kusomwa kama dalili ya kosa, mwanamke aliyepoteza mimba huanza akiwa mtuhumiwa, na neno lisilo wazi humtilia saini tuhuma.

Wapo watakaosema kwamba ninatafuta neno laini ili kuufunika ukweli, na kwamba ukiita kila kitu kuharibika, umewapa watoaji mimba mahali pa kujificha. Pingamizi hili nalichukulia kwa uzito, maana wengi wanaolitoa wanaamini kwa dhati kwamba kijusi kina uhai wa kuheshimiwa, na imani hiyo si ya kubezwa. Jibu langu ni kwamba wanaoupenda ukweli ndio wanaopaswa kulikataa neno la faili kwanza. Kumwita mtoa mimba mwanamke ambaye mimba yake iliuawa na malaria ni kumshuhudia uongo, na hakuna dini inayoruhusu hilo. Mimba imeharibika ni kauli ya kweli kwa wote wawili, aliyetoa na asiyetoa: mimba ilikuwapo, sasa haipo. Anayejua zaidi ya hapo na aseme zaidi, kwa ushahidi, mahali panapostahili. Tena tiba haingoji jibu. Mabaki yakiwa tumboni yatatolewa kwa pampu ya mkono au kwa vidonge vya misoprostol, vijidudu vitapigwa kwa dawa, damu itaongezwa, na hatua hizo ni zilezile hata chanzo kiwe kipi. Kama kuna kitu kilichomezwa au kuingizwa ambacho tabibu lazima akijue, mgonjwa atakitaja faraghani kwa mtu asiyemtisha.

Pingamizi la pili ni zito zaidi, na kwa sehemu nalikubali. Neno jipya huchafuka upesi likipewa kazi ya neno chafu. Mfano tunao tayari. Wauguzi walipoanza kusema mgonjwa amesafishwa kizazi, walitaka kauli ya staha. Leo ukisikia fulani amesafishwa, msemaji amekwisha kukonyeza. Basi kuna faida gani ya kubadilisha? Nadhani kosa la kusafishwa ni kwamba linataja tiba na kuacha tukio bila jina, kwa hiyo msikilizaji hujaza pengo kwa alichokuwa anakidhani. Mimba kuharibika haliachi pengo. Linataja tukio, na sarufi yake yenyewe inakataa mtendaji. Ili liweze kutia doa, ni lazima mtu alivunje kwanza aligeuze kuwa kuharibu, na kufanya hivyo ni kushitaki waziwazi, jambo ambalo mshitaki anaweza kuulizwa.

Tatu, yupo atakayeniambia kwamba maneno hayaokoi mtu. Kinachookoa ni barabara inayopitika masika, damu iliyo tayari, na mkunga aliyefundishwa. Ni kweli kwamba vifo vya uzazi nchini vilivyokadiriwa kushuka kutoka 556 kwa kila vizazi hai 100,000 katika utafiti wa 2015–16 hadi 104 katika ule wa 2022 havikushushwa na kamusi. Lakini barabara nzuri haimsaidii anayejificha ndani. Mimba iliyoingia vijidudu huua kwa ucheleweshaji, na ucheleweshaji wa kwanza kabisa huanzia nyumbani, pale mwanamke anapopima kipi ni kibaya zaidi, homa au macho ya watu wa wodini. Hilo ndilo eneo ambalo kauli ya mhudumu ina nguvu, na ni eneo lisilohitaji bajeti.

Wizara ya Afya imekwisha kulipatia huduma hii jina zuri kwa Kiswahili: huduma baada ya mimba kuharibika. Sioni sababu jina hilo libaki kwenye mabango na vitabu vya mafunzo huku kadi anayorudi nayo mgonjwa nyumbani ikiwa na neno jingine. Takwimu za hospitali zinaweza kuendelea kutumia istilahi za kimataifa, zikakaa kwenye rejista inayosomwa na wataalamu. Karatasi ya kuruhusiwa, ambayo itasomwa na mume, mama mkwe na mwajiri, iandikwe kwa Kiswahili na iseme mimba iliharibika, ikatibiwa tarehe fulani. Makabidhiano ya zamu kando ya kitanda yafanywe vivyo hivyo, au yafanywe mbali na kitanda.

Kuna swali moja kuhusu nia ambalo mkunga anapaswa kuliuliza, na ni la mbele, halihusu yaliyopita: mama anataka kushika mimba nyingine karibuni, au hataki? Uwezo wa kushika mimba unaweza kurudi ndani ya wiki mbili, kabla hata hajaona siku zake, kwa hiyo asiyetaka anahitaji njia ya uzazi wa mpango kabla hajaondoka kituoni, na anayetaka anahitaji kuambiwa ni lini ajaribu tena, alale ndani ya chandarua, na atakaposhika mimba ahudhurie kliniki mapema apewe dawa za kukinga malaria. Majibu hayo mawili yanadai ushauri tofauti kabisa, na hakuna hata moja kati yake linalopatikana kwa kumuuliza mgonjwa nani aliyeitoa.