Konokono wa tangini: mtaji mdogo, hasara ya haraka

WANUNUZI wengi wa konokono wa tangi la samaki huambiwa na muuzaji neno moja tu: kwamba mnyama huyo hahitaji kulishwa, kwa kuwa atajitafutia mwani kwenye vioo pamoja na mabaki ya chakula cha samaki. Neno hilo humsaidia muuzaji kuondoa mali dukani. Lakini ndilo linalomrudisha mteja baada ya wiki chache akilalamika kuwa ameuziwa konokono wagonjwa, hali walikufa njaa nyumbani kwake.

Katika biashara ya samaki wa mapambo, konokono huchukuliwa kuwa mali ya nyongeza. Mteja hununua tangi, samaki, chujio na chakula, kisha anaongeza konokono wawili au watatu kwa ajili ya usafi. Hesabu za duka huwaonyesha kuwa bidhaa ndogo. Hata hivyo mnyama huyo akitunzwa vibaya huweza kuharibu mali yote iliyobaki, maana konokono mmoja mkubwa akifia tangini bila kugunduliwa huoza upesi, maji yakajaa amonia, na samaki wakafuata.

Anayetawala soko hilo ni konokono mkubwa wa jamii ya Pomacea, ambaye kwa Kiingereza hupewa jina la tunda la tufaha kutokana na umbo la gamba lake. Aina inayofaa kufugwa ni Pomacea diffusa, ambaye asili yake ni bonde la mto Amazon, Amerika ya Kusini. Wafugaji wamemchagulia rangi kizazi baada ya kizazi, na sasa hupatikana wa dhahabu, wa buluu, wa zambarau na weupe kama pembe ya ndovu. Hukua hadi kufikia ukubwa wa sentimeta 5 hivi, na maisha yake ni mafupi: mwaka mmoja au zaidi kidogo. Katika maji ya joto hukua haraka, hula sana na hufa mapema zaidi.

Kwa hiyo mnunuzi anayechagua konokono mkubwa kuliko wote dukani, akidhani amepata thamani ya fedha yake, mara nyingi amenunua mzee. Mwenye faida ni yule wa ukubwa wa wastani, anayetembea, aliyeshikilia kioo kwa nguvu na mwenye gamba lisilo na mashimo. Aliyejifungia ndani kwa siku nyingi anunusiwe kwanza. Konokono aliyekufa hutoa harufu ambayo haihitaji mtaalamu.

Chakula

Mwani wa kwenye vioo hautoshi kumshibisha mnyama wa ukubwa huo. Anahitaji mboga na kiasi kidogo cha chakula chenye protini. Tango, karoti, malenge, maharage mabichi na majani ya saladi vyote vinafaa. Mboga ngumu zichemshwe dakika moja au mbili bila chumvi ili zilainike na kuzama, na zile zinazoelea zifungwe kwenye kijiwe. Kwa upande wa protini, vidonge vya chakula cha samaki vinavyozama vinatosha, akipewa mara chache kwa wiki.

Mchicha hupatikana kila genge na wafugaji wengi huutegemea peke yake. Hapo lipo kosa, kwa sababu mchicha una asidi ya oksaliki kwa wingi, nayo hushikana na chokaa na kuifanya isimfaidie mnyama. Mchicha uwe wa zamu, si wa kila siku. Jambo jingine ni dawa za kuulia wadudu zinazopigwa mashambani: mboga za sokoni zilowekwe na kuoshwa vizuri kabla ya kutiwa tangini. Kiasi cha dawa ambacho mwanadamu hakihisi kinaweza kumwangusha konokono.

Kipimo rahisi cha chakula ni kile kinachomalizwa usiku mmoja. Kinachobaki asubuhi kiondolewe. Mfugaji anayeacha vipande vya tango hadi viyeyuke anafuga amonia, pamoja na wale konokono wadogo wasioalikwa wanaoingia wakiwa wamejificha kwenye mimea ya kununua. Wadogo hao huongezeka kwa kadiri ya chakula kinachobaki, na wengi wanapojaa kwenye kioo huwa ni taarifa kwamba mwenye tangi analisha kupita kiasi. Kuwapunguza si kazi ngumu: jani la saladi likiachwa sakafuni jioni, asubuhi hutolewa likiwa limewabeba.

Maji na chokaa

Gamba ndilo linaloonyesha hali ya mali. Hujengwa kwa chokaa, ambayo konokono huipata katika chakula na katika maji yenyewe. Maji yenye asidi, yaani yaliyo chini ya pH 7, hulila gamba taratibu, kuanzia kwenye ncha ambayo ndiyo sehemu kongwe. Kipimo kinachofaa ni pH 7 hadi 8, na joto la nyuzi 20 hadi 28 za Selsiasi. Pwani joto si tatizo. Arusha au Nairobi, nyakati za baridi, hita inaweza kuhitajika.

Chanzo cha maji kina maana kubwa. Maji ya mvua ni mepesi, hayana chokaa ya kutosha. Maji ya kisima kilichochimbwa kwenye mawe ya matumbawe huwa na chokaa nyingi na huwafaa, mradi hayajaingiliwa na chumvi ya bahari. Ya bomba yaachwe wazi kwenye ndoo kwa saa 24 ili klorini itoke. Robo ya maji ya tangi ibadilishwe kila wiki.

Chokaa ya ziada haina gharama. Maganda ya mayai yakichemshwa na kusagwa hufanya kazi, na mfupa wa dome, ule mweupe unaookotwa ufukweni, ukioshwa vizuri hufanya kazi hiyo hiyo. Sehemu ya gamba iliyokwisha kuliwa hairudi. Kitakachoonekana baada ya kurekebisha maji ni mstari mpya, laini, karibu na mdomo wa gamba.

Dawa za samaki ndipo wafanyabiashara wanapopata hasara kubwa kwa siku moja. Dawa nyingi za kutibu vimelea vya samaki zina shaba, hasa mrututu, na shaba ni sumu kwa konokono hata ikiwa kidogo. Hili si jambo jipya: kwa miaka mingi mrututu ulimwagwa mabwawani makusudi kuua konokono wanaoeneza kichocho. Samaki mgonjwa atibiwe kwenye chombo cha peke yake, au konokono ndio watolewe.

Uzazi na bei

Konokono huyu ana dume na jike, lakini jike huweza kuhifadhi mbegu za dume kwa miezi, hivyo hata aliyenunuliwa peke yake anaweza kutaga. Hutaga usiku, juu ya usawa wa maji, kishada cha rangi ya waridi chenye mayai kuanzia makumi kadhaa hadi zaidi ya 100. Kwa sababu hiyo, na pia kwa sababu hupanda juu kuvuta hewa kwa mrija wake, maji yaachwe chini ya ukingo kwa sentimeta 5 hadi 10, na tangi liwe na kifuniko. Asiyefunika humkuta mnyama wake sakafuni.

Mayai huanguliwa baada ya wiki 2 hadi 4. Na hapa ndipo ilipo siri ya bei. Wafugaji wazoefu hukadiria lita 10 hadi 20 za maji kwa konokono mmoja aliyekomaa. Vifaranga 100 wakikua wote watahitaji si chini ya lita 1,000, ambazo mfugaji wa nyumbani hana. Matokeo yake kila mwenye jike huwa na ziada ya kugawa bure, na bei ya rangi za kawaida haiwezi kupanda.

Jamii ya nerita, konokono wadogo wenye mistari, huenda kinyume kabisa. Huyu hutaga tangini vidoa vyeupe vigumu ambavyo haviendelei, kwa kuwa mabuu yake huhitaji maji yenye chumvi. Karibu wote wanaouzwa wamekusanywa porini, kwenye midomo ya mito na mikoko, na jamii hiyo imo pia katika pwani ya Afrika Mashariki. Ugavi ukitegemea wakusanyaji, bei hushikilia. Lakini nerita ni mla mwani hasa, na mara nyingi hukataa mboga. Kwenye tangi jipya lenye vioo safi atakufa njaa, hata kama mwenyewe anasifiwa kwa usafi.

Wa bure mtaroni

Wapo wanaofikiri kuokota mtaroni ni njia ya kukwepa gharama. Konokono bapa wa jamii ya Biomphalaria, wanaofanana sana na wale wa duara wanaouzwa madukani, ndio wanaobeba kichocho cha tumbo, na Bulinus hubeba kile cha njia ya mkojo. Vijidudu hutoka kwa konokono na kuingia mwilini kupitia ngozi, hivyo kuingiza mkono kwenye tangi hilo kunatosha. Konokono hazaliwi na kichocho. Hukipata katika maji yaliyochafuliwa na kinyesi au mkojo wa mtu mwenye ugonjwa. Ndiyo maana aliyezaliwa tangini ni salama kwa upande huo, na wa mtaroni si salama.

Hatari nyingine inaelekea upande wa pili, kutoka tangini kwenda shambani. Ndugu wa karibu wa konokono huyu wa mapambo, Pomacea canaliculata, alipelekwa Taiwan mnamo 1980 hivi ili awe chakula. Soko halikumpokea, akaachwa, akasambaa Asia akila miche ya mpunga. Mwaka 2012 Umoja wa Ulaya ulipiga marufuku jamii yote ya Pomacea baada ya mashamba ya delta ya mto Ebro, Hispania, kuvamiwa. Wafugaji wa aina isiyo na madhara nao wakapoteza soko kwa siku moja.

Mwaka 2020 konokono huyo aligunduliwa katika skimu ya mpunga ya Mwea, Kenya. Utafiti uliochapishwa 2023 ulionyesha kuwa pale anapoenea kwa wastani mavuno hupungua kwa takriban asilimia 14, na pato halisi la mkulima kwa takriban asilimia 60, kwa kuwa gharama za kuokota, dawa na kurudia kupanda humwangukia yeye.

Kwa macho, vifaranga wa aina hizo mbili si rahisi kutofautishwa na mnunuzi wa kawaida. Njia mojawapo ni kumpa jani zima la mmea wa majini: diffusa kwa kawaida huacha mmea ulio hai akala uliooza, wakati canaliculata huumaliza. Ziada isimwagwe mtoni wala kwenye mfereji, hata ikiwa ni ya aina iliyo salama. Vishada visivyohitajika vikwanguliwe kabla havijaanguliwa, vipondwe au viwekwe kwenye friza siku mbili, kisha vitupwe na taka za jikoni.