Anaijua Kariakoo, Dar Hajafika

Atakwambia Mtaa wa Msimbazi uko wapi, na kwamba watu wa Kigamboni huvuka kwa pantoni. Mvua ikinyesha Dar es Salaam, anajua kabla ya taarifa ya habari. Muulize alifika lini huko, atacheka. Hajafika. Alikutana tu na binti wa Dar aliyekuja msibani, wakaongea siku tatu.

Vijana wa aina hii hawakosekani Makambako. Mji wenyewe ni njiapanda. Barabara itokayo Songea kupitia Njombe inakutana hapo na ile kuu iendayo Zambia, na stesheni ya TAZARA ipo papo hapo, kwenye reli ya kilomita 1,860 kutoka Dar hadi Kapiri Mposhi. Abiria anashuka, anakula, anaacha namba ya simu, anaondoka. Anayebaki ndiye mwenye kazi.

Mwaka 2005 Arthur Aron, Helen Fisher na wenzao walichapisha utafiti wa watu 17 waliokuwa wamezama katika mapenzi. Walipoonyeshwa picha ya mpenzi, ziliamka sehemu za ubongo zenye dopamini nyingi, zile zinazomsukuma mtu kutafuta anachokitamani. Ubongo huohuo hujifunza dalili haraka: lafudhi ya Kipwani, kibao cha basi, jina la mtaa. Mpenzi yuko mbali, dalili ziko jirani. Ndipo mji unapoanza kupendwa.

Dorothy Tennov, mwanasaikolojia wa Marekani, aliipa hali hiyo ya kuzama katika mapenzi jina mwaka 1979: limerensi. Alieleza kuwa hulishwa na matumaini yaliyochanganyika na mashaka. Meseji iliyosomwa bila kujibiwa, basi, ni mbolea.

Si jambo la kizazi cha simu peke yake. Ng'ambo ya Ziwa Nyasa, lile linalopiga mawimbi Manda, wilayani Ludewa, wanaume walikwenda migodini Johannesburg, waliyoiita Joni. Asiyerudi aliitwa machona, yaani aliyepotelea huko. Upande wetu, manamba kutoka Njombe walikwenda kwenye mkonge wa Tanga. Waliondoka kutafuta hela ya kodi, ndiyo, lakini sidhani kama kila aliyebaki huko alibakizwa na hela.

Kijana wetu yuko stendi tena leo. Anauliza nauli ya Dar, kama alivyouliza wiki jana. Tiketi hajakata.