Injini Ikikwama, Tutafute Chanzo Kwanza

Ndugu wavuvi wa Rumonge, injini zetu za mipigo miwili hulainishwa na oili iliyochanganywa katika petroli. Oili ikipungua, au mchanga ukiziba pampu ya maji, silinda huchemka na pistoni hukwama.

Basi kabla ya kufunga pistoni na ringi mpya nyumbani, tukague pampu, tuzibue njia za maji, tutazame kama silinda imekwaruzika. Kwa injini nyingi, saa 10 za kwanza ni lita 1 ya oili kwa lita 25 za petroli. Baadaye 1 kwa 50. Tufuate kitabu cha injini.

Mwenye mtumbwi akimharakisha fundi, watakaokwama usiku katikati ya Tanganyika, bila ndagala wala ujira, ni sisi.