Mwongozaji na Ushahidi: Ziara ya Kuongozwa katika Maeneo ya Akiolojia kutoka Mwansabombwe hadi Kalambo

Ikisiri

Makala haya yanaeleza namna ziara binafsi ya kuongozwa katika maeneo ya kale ya kaskazini mwa Zambia inavyoweza kupangwa na kufasiriwa kwa mgeni. Mjadala unafuata njia inayoanzia Mwansabombwe, katika bonde la Luapula, kupitia miamba ya Mwela karibu na Kasama, hadi Maporomoko ya Kalambo kwenye mpaka wa Zambia na Tanzania. Hoja kuu ni kwamba thamani ya ziara ya namna hii hutegemea uwezo wa mwongozaji wa kutenganisha aina nne za kauli: inayohusu kinachoonekana, kilichopimwa, kinachokisiwa na kinachosimuliwa. Mifano ya Tanzania, Kenya na Japani inatumiwa kuonyesha namna tofauti hizo zinavyoshughulikiwa kwingine. Mwisho, makala yanapendekeza hatua za kisera, ikiwamo nafasi ya Kiswahili katika kazi ya uongozaji.

1.0 Utangulizi

Ziara binafsi ya kuongozwa ni safari ambayo mgeni mmoja au kikundi kidogo hupitishwa katika maeneo ya kale na mtu mwenye ujuzi wa maeneo hayo. Tofauti yake na utalii wa wanyamapori ni ya msingi. Simba anapoonekana, mgeni hahitaji maelezo ili ajue kwamba ameona simba. Jiwe lililochongwa na binadamu, kinyume chake, ni jiwe tu machoni pa asiyejua. Katika akiolojia maelezo ndiyo yanayofanya kitu kionekane, na kwa sababu hiyo mwongozaji hubeba dhamana kubwa kuliko ile ya kuonyesha njia.

Dhamana hiyo ina uzito wa pekee kaskazini mwa Zambia. Mwaka 2009 Zambia iliwasilisha UNESCO majina ya Kalambo na Mwela katika orodha ya awali ya maeneo yanayoweza kupendekezwa kuwa Urithi wa Dunia. Mwaka 2023 Kalambo ilitajwa duniani kote kutokana na ugunduzi wa kazi ya mbao yenye umri wa karibu nusu milioni ya miaka. Wageni wanaofuata habari hizo watahitaji watu wa kuwaeleza, na watakachoelezwa ndicho watakachoamini.

2.0 Mwansabombwe: Historia Inayosimuliwa

Mwansabombwe ni makao ya Mwata Kazembe, mfalme wa Walunda wa Luapula, na tangu mwaka 2012 ni wilaya inayojitegemea. Dola ya Kazembe ilijengwa katika bonde hili kuanzia karne ya 18. Mreno Francisco de Lacerda alifika katika makao ya Kazembe mwaka 1798 na kufia huko. David Livingstone alifika mwaka 1867 na kuwakuta wafanyabiashara waliotoka pwani ya Afrika Mashariki. Walunda wenyewe waliandika historia yao kwa Kibemba katika kitabu Ifikolwe Fyandi na Bantu Bandi, kilichoandikwa chini ya Mwata Kazembe XIV na kuchapishwa mwaka 1951. Kila mwezi wa Julai, sherehe ya Mutomboka huwakumbusha wahudhuriaji safari na ushindi wa wahenga hao.

Mahali hapa ni pazuri pa kuanzia ziara ya maeneo ya kale kwa sababu panamfundisha mgeni mpaka wa simulizi. Mapokeo ya bonde la Luapula yanasema kwamba Walunda waliwakuta Washila wa Nkuba, wavuvi wa Ziwa Mweru, na kwamba kabla ya Washila walikuwapo watu walioitwa Wabwilile. Mpangilio huo una mantiki yake: unaeleza nani ana haki gani juu ya ardhi na maji, na nani hufanya tambiko wapi. Hata hivyo, hauwezi kunyooshwa ukafika Zama za Mawe. Mwongozaji anayesema kwamba zana za mawe za Kalambo ziliachwa na Wabwilile huwa ameruka mamia ya maelfu ya miaka kwa sentensi moja.

Neno la Kiswahili "kale" huchangia mkanganyiko huu. Kale ni enzi ya babu, ni enzi ya Lacerda, na pia ni enzi iliyotangulia kuwapo kwa binadamu wa leo. Katika hadithi upana huo hauna madhara, lakini katika ziara ya akiolojia ni lazima kila "kale" ifuatwe na kipimo. Njia rahisi ni kutumia vizazi. Tukichukulia kizazi kimoja kuwa miaka 25, ziara ya Livingstone iko umbali wa vizazi visivyozidi saba, ilhali magogo ya Kalambo yako umbali wa takriban vizazi 19,000.

3.0 Mwela: Kinachoonekana na Kinachokisiwa

Kutoka Mwansabombwe msafiri anaweza kupitia Kawambwa na Mporokoso hadi Kasama. Msimu unaofaa ni wa kiangazi, kati ya Mei na Oktoba, kabla mvua hazijaharibu barabara za udongo. Karibu na Kasama iko miamba ya Mwela, yenye mamia ya maeneo ya michoro yaliyotawanyika katika misitu ya miombo. Mingi ni ya rangi nyekundu: duara, mistari sambamba na maumbo mengine yasiyofanana na kitu chochote moja kwa moja, pamoja na baadhi ya michoro ya wanyama.

Hapa mgeni anaona kitu waziwazi, na swali lake la kwanza huwa ni maana. Wataalamu wa michoro ya miambani, akiwamo Benjamin Smith aliyechunguza eneo hili kwa kina, huihusisha michoro myekundu na wawindaji na wakusanyaji ambao mapokeo ya wenyeji huwaita Watwa. Katika sehemu mbalimbali za Zambia michoro hiyo hutofautishwa na ile nyeupe ya baadaye inayohusishwa na jamii za wakulima. Kosa linalotokea kwa urahisi ni kuhamishia Mwela maelezo ya michoro ya Wasani wa kusini mwa Afrika, kwa kuwa maelezo hayo yanapatikana kwa wingi katika vitabu. Michoro ya Afrika ya kati ina mtindo wake, na duara la Mwela halipaswi kusomwa kwa ufunguo wa Drakensberg.

Mwongozaji mwema hutenga kauli zake. "Hili ni duara lenye mistari saba" ni kauli ya kinachoonekana. "Huenda linahusiana na mvua" ni kisio, na mgeni ana haki ya kujua kwamba ni kisio na limejengwa juu ya nini. Kadhalika, mwongozaji hulinda anachokionyesha. Kugusa rangi kwa vidole, kuilowesha kwa maji ili ing'ae katika picha, au kuwasha moto chini ya mwamba ni vitendo vinavyofupisha uhai wa mchoro.

4.0 Kalambo: Kilichopimwa na Kisichoonekana

Kutoka Kasama njia inaelekea Mbala, mahali lilipo Jumba la Makumbusho la Moto Moto, na kisha Kalambo. Wageni wengi hufika kwa ajili ya maporomoko, ambayo huanguka zaidi ya mita 200 kwa mruko mmoja. Eneo la akiolojia liko juu ya maporomoko, kwenye kingo za mto, na kwa jicho ni mchanga, udongo na majani tu. Mwanaakiolojia J. Desmond Clark alianza kazi hapa katika miaka ya 1950 na kukuta zana za mawe pamoja na mbao zilizohifadhiwa na tope lenye maji, ambamo vijidudu vinavyoozesha mti hukosa hewa. Umri wa mbao hizo haukuweza kujulikana kwa uhakika, kwa kuwa kipimo cha kaboni hakivuki takriban miaka 50,000.

Mwaka 2019 kikundi kilichoongozwa na Larry Barham wa Chuo Kikuu cha Liverpool kilifukua magogo mawili yaliyolaliana, la juu likiwa limechongwa pengo ili likae juu ya la chini. Umri wake, uliotangazwa mwaka 2023, ni takriban miaka 476,000, na ukingo wa kosa wa miaka 23,000. Kipimo hakikufanywa juu ya mti bali juu ya mchanga ulioufunika. Chembe za mchanga zilizofukiwa gizani hulimbikiza nishati itokanayo na mionzi hafifu ya asili iliyomo ardhini. Zikipigwa na jua, nishati hiyo hutoka na hesabu huanza upya. Kwa kupima kiasi kilicholimbikizwa, maabara hujua chembe hizo ziliona jua mara ya mwisho lini. Binadamu wa aina yetu, kwa visukuku vinavyojulikana, hafiki umri huo. Waliojenga Kalambo walimtangulia.

Kwamba magogo yalichongwa na kuunganishwa ni jambo linalothibitishwa na alama za zana. Kwamba yalikuwa jukwaa, njia ya kupita juu ya tope au msingi wa kibanda ni makisio. Mgeni akiondoka akisema ameona "nyumba ya kwanza duniani", ziara imeshindwa, hata kama ameondoka na furaha.

5.0 Uzoefu wa Kwingine

Tatizo la kueleza kisichoonekana si la Kalambo peke yake. Nyayo za Laetoli nchini Tanzania, zilizogunduliwa mwaka 1978, zilifukiwa tena ili zihifadhiwe, na wageni huona nakala. Olorgesailie nchini Kenya ilichagua njia nyingine: sehemu ya mashoka ya mawe imeachwa palepale yalipofukuliwa, na wageni hupita juu ya njia ya mbao iliyoinuliwa. Huko Kondoa, michoro iliyoingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 2006 ingali mahali pa tambiko kwa wenyeji. Mwongozaji wa huko huingia katika eneo lenye wenye nalo, na sera inayowafungia nje wenyeji kwa jina la uhifadhi huondoa sehemu ya kile inachodai kukihifadhi.

Japani inatoa mfano wa kujenga upya. Sannai-Maruyama, katika mkoa wa Aomori, ilifukuliwa kuanzia mwaka 1992 wakati wa matayarisho ya uwanja wa besiboli. Ujenzi ulisitishwa, na mwaka 2021 eneo hilo lilikuwa miongoni mwa maeneo 17 ya utamaduni wa Jomon yaliyoingizwa katika Urithi wa Dunia. Mashimo sita makubwa yalikutwa yakiwa na mabaki ya nguzo za mti wa chestinati, na juu ya msingi huo limejengwa jengo refu la nguzo sita. Mashimo ni ushahidi. Umbo la juu limejadiliwa na wataalamu. Waongozaji wa kujitolea huwapitisha wageni katika mashimo na jengo vilevile, na mgeni makini anaweza kuona mahali ushahidi unapoishia na ubunifu unapoanzia.

Mfano wa kinyume uko Zambia yenyewe. Fuvu la Kabwe, lililopatikana mgodini mwaka 1921, liko London, na Zambia imekuwa ikidai lirudishwe. Kilima lilimotoka kilichimbwa chote. Utafiti wa mwaka 2020 uliokadiria umri wa fuvu kuwa takriban miaka 299,000 ulilazimika kulipima fuvu lenyewe, kwa sababu tabaka za ardhi zilikuwa zimekwisha kutoweka. Kitu kilichong'olewa mahali pake hupoteza nusu ya maelezo yake. Ndiyo maana mgeni anayeokota jiwe moja la Kalambo hufanya uharibifu usiopimwa kwa ukubwa wa jiwe hilo.

6.0 Lugha ya Uongozaji

Njia inayojadiliwa hapa inapakana na Kiswahili pande mbili. Ng'ambo ya Luapula na Ziwa Mweru, katika Katanga, Kiswahili ni lugha ya soko. Ng'ambo ya Mto Kalambo ni lugha ya taifa la Tanzania. Mwongozaji wa Nchelenge au Mbala anayemudu Kibemba, Kiingereza na Kiswahili anaweza kuwahudumia wageni wa eneo zima, wakiwamo wanafunzi wa nchi jirani wanaosoma historia kwa Kiswahili. Kinachohitajika ni istilahi zilizokubaliwa. Tabaka, zana, kisukuku na nakala tayari yapo. Pengo liko katika istilahi za upimaji wa umri na katika viwango vya uhakika: ipo haja ya kukubaliana matumizi thabiti ya "imethibitika", "inakadiriwa", "inakisiwa" na "inasimuliwa".

7.0 Hitimisho na Mapendekezo

Kutokana na mjadala huu, hatua nne zinapendekezwa. Kwanza, mafunzo ya waongozaji chini ya Tume ya Taifa ya Uhifadhi wa Urithi ya Zambia, iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1989, yaweke mkazo katika kutenganisha aina nne za kauli. Pili, nakala ya magogo ya Kalambo iwekwe karibu na eneo lenyewe, ikiwa na maelezo yanayoonyesha kilichopimwa na kinachokisiwa. Tatu, sehemu ya ada za ziara ibaki kwa vijiji vinavyolinda maeneo haya, kwa kuwa mlinzi wa kwanza wa mwamba ni anayeishi karibu nao. Nne, vyama na mabaraza ya Kiswahili yashirikiane na makumbusho kuandaa faharasa ya akiolojia kwa matumizi ya waongozaji. Hatua ya kwanza na ya nne hazihitaji majengo mapya, na zinaweza kuanza kabla ya msimu ujao wa kiangazi.