Alipanda bure, akavunjika muguu: ni nani analipa?



Siku ya soko munaijua. Tangu saa kumi na moja ya asubui kamyo ya kooperative inapakia maharagi. Ikifika saa moja, magunia yamepita mbao za pembeni, na juu yake kuko watu: mama na kikapo chake, kijana na kuku zake, muzee mwenye anaenda kuona mutoto wake hospitalini. Hakuna mwenye amelipa. «Ni kamyo yetu,» wanasema.

Mwaka uliopita nilikuwa ndani ya kabine ya kamyo ya namna hiyo, tukitoka Walungu kuelekea soko ya Mugogo. Mvua ilikuwa imenyesha. Kwenye muteremuko, gurudumu la nyuma liliingia katika shimo. Kamyo haikuanguka, iliinama tu. Lakini mama mumoja aliruka kutoka juu ya magunia, akaanguka chini, akavunjika muguu. Musimu A ile hakulima hata shamba moja.

Mimi ni agronomu. Nilikuwa nimekuja kufundisha namna ya kupanda kwa mistari. Lakini wiki ile watu waliniuliza paka swali moja: ni nani atalipa hospitali?

Komite ilisema: «Hakulipa nauli, alipanda mwenyewe.» Bwana yake alijibu: «Kamyo ni ya kooperative, na bibi yangu ni memba.» Shofere alionyesha karatasi ya asiranse kwenye kiyoo. Wote watatu walikuwa na hakika, na hakuna hata mumoja mwenye alikuwa amesoma mukataba. Wakati tuliusoma, tuliona: kamyo ya kubeba mizigo, nafasi tatu, zote katika kabine. Kampuni ya asiranse ilikataa. Mwishowe kooperative ilitoa franka katika kese, zile zenye zilikuwa za kununua mbegu za musimu B. Mbegu zilichelewa, na wamemba wote walilipa ile ajali kwa mavuno yao.

Kutokulipa nauli hakuondoe deni

Wengi wanafikiri: mutu mwenye kubebwa bure hana haki. Hapana. Kitabu cha tatu cha sheria ya raia, chenye kilitoka na dekrè ya tarehe 30/7/1888, kingali kinatuongoza. Artikle 258 inasema kama mutu akiumiza mwingine kwa kosa lake, anapaswa kutengeneza ile hasara. Artikle 259 inaongeza uzembe na kukosa uangalifu. Haiulize kama uliyemuumiza alikuwa na tikiti. Shofere mwenye anakimbiza kamyo kwenye utelezi, ao mwenye anaacha watu wapande juu ya magunia, anaweza kuwa na kosa hata kama aliwabeba kwa wema.

Tena kuko artikle 260: bwana-kazi anajibu juu ya hasara yenye mutumishi wake analeta akiwa kazini. Shofere ni wa kooperative? Basi kooperative inaweza kuitwa mbele ya tribinali. Kooperative yenye imeandikishwa kufuatana na sheria ya OHADA ni kama mutu mbele ya sheria: iko na mali yake, na iko na madeni yake.

Kweli, tribinali inaweza pia kuangalia kama mwenye kuumia alijiweka mwenyewe katika hatari. Lakini kamyo yenye kila siku ya soko inabeba watu juu ya mizigo, na komite inaona, ni vigumu kusema «hatukujua».

Asiranse inafunika nini?

Tangu ordonansi-sheria ya tarehe 5/1/1973, asiranse ya motokari ni ya lazima katika inchi yetu. Zamani SONAS tu ndiyo ilikuwa inaiuzisha. Sheria ya tarehe 17/3/2015 ilifungulia makampuni mengine mulango, na leo ARCA ndiyo inayachunga. Kwa hiyo mikataba si moja tena, na bei si moja. Usinunue karatasi juu ya kuogopa polisi ya ruleji tu. Mbele ya kutia sahihi, uliza maswali haya, na uombe jibu kwa maandishi:

1. Watu wenye kubebwa ndani ya motokari wanafunikwa, ao ni wale wa inje tu?
2. Ni nafasi ngapi zimeandikwa? Mutu wa nne katika kabine ya watu watatu anahesabiwa namna gani?
3. Mutu mwenye kukaa juu ya muzigo, ao ndani ya remorke ya trakteri, iko namna gani?
4. Memba, bibi ya shofere, mutoto wa prezida: wanafunikwa kama watu wengine?
5. Wakitoa franka kidogo za mafuta, ile inageuza kamyo kuwa ya kubeba watu kwa faida?

Swali la tano ni la kuangalia sana. Komite nyingi zinaanza kuomba kila mutu atoe kidogo, zikifikiri zinajilinda. Lakini kama mukataba unasema «mizigo tu», zile franka zinaweza kuharibu mambo zaidi.

Ajali ikitokea

Kwanza, peleka mwenye kuumia hospitali. Kisha ita polisi waandike proseverbali, na uombe nambari yake. Piga picha za njia na za kamyo. Julisha kampuni ya asiranse kwa barua, katika siku zenye mukataba umeweka, na ubakie na kopi yenye wametia sahihi. Chunga faktire zote za hospitali na za dawa. Usitie sahihi kwenye karatasi ya kusema «tunakubali kulipa yote» mbele ya kuongea na kampuni. Kama kampuni inakataa, omba iandike sababu. Ukiwa na ile barua, munaweza kupeleka malalamiko ARCA ao kuona avoka.

Mbele ya musimu unaokuja

Katika mukutano mukubwa wa wamemba, wekeni jambo hili kwenye orodha. Someni mukataba kwa sauti, katika luga yenye wote wanasikia. Kisha muamue: hakuna mutu juu ya magunia, hata prezida. Wenye kwenda soko, waende na motokari yenye iko na viti na asiranse ya watu, na mupatane namna ya kugawanya bei.

Yule mama anatembea leo, lakini anachechemea. Wakati kamyo inapita, anapandisha kikapo chake tu, na yeye anaenda kwa miguu.